Ukinzani wa Maji: Birika la Taylor na Shahamu ya Pwani

Chombo kiendacho majini hulipa kodi mbili: msuguano wa maji kwenye mwili wake, na nguvu ipoteayo katika kuzua mawimbi. Mwingereza William Froude alizitenganisha kodi hizo katika karne ya 19. Mwishoni mwa karne hiyo, mjini Washington, David W. Taylor alijenga birika refu katika karakana ya Jeshi la Majini la Marekani, kando ya mto Anacostia. Humo alikokota mifano ya meli na kupima ukinzani wa kila umbo. Manowari Delaware ya mwaka 1910 ilitiwa uvimbe omoni, chini ya maji: wimbi lake lilipunguza wimbi la omo yenyewe.

Kodi ya kwanza ilijulikana pia kwa mafundi wa Lamu na Zanzibar. Maji yalipokupwa, jahazi lililazwa ufukoni, likakwanguliwa, likapakwa shahamu, ili mbao zisitobolewe na wadudu na chombo kiteleze.

Tofauti haikuwa akili, bali kumbukumbu. Taylor alichapisha vipimo vyake mwaka 1910, vikawafaa wahandisi wa vizazi vilivyofuata; elimu ya fundi hupita mkono hadi mkono, na mkono usiporithiwa, hupotea. Birika la Carderock, Maryland, limebeba jina la Taylor tangu 1939. Wasomi wa Kiswahili waishio jirani nalo wana deni: kuwasikiliza mafundi waliosalia, na kuandika vipimo vyao ilhali wangalipo.