Muhtasari wa kikao ambacho hakikukaa

Najua nimepotea, karibu wiki tatu sijaandika kitu hapa. Tumekuwa na majaribio mfululizo, bumu nalo likachelewa, na mtu akiwa na njaa hata hamu ya kukaa mbele ya kompyuta haipo. Leo nimerudi na jambo moja ambalo limenikaa kichwani tangu Jumanne usiku, nilipogongewa mlango na kuletewa karatasi ili niweke sahihi. Hiyo karatasi nitawasimulia mbele. Kwanza niwape historia, maana bila historia hamtaelewa kwa nini nimeshindwa kulala.

Mwalimu wetu wa historia alitupa kazi ya semina: chagua taasisi moja iliyoanza kabla ya uhuru, ueleze imefikaje ilipo. Wenzangu wakakimbilia vyama vya ushirika, mwingine reli, mwingine misheni. Mimi nikasema nachukua chama cha mpira. Darasa likacheka. Mwalimu hakucheka, akasema andika, ila usiniletee habari za Simba na Yanga.

Basi nikaanza. Chama cha mpira wa miguu kilianzishwa 1930, enzi za Mwingereza, na kikaingia FIFA 1964. Wengi wetu tunakijua kwa jina la FAT, wazee bado wanaliita hivyo hivyo. Mwaka 1967 serikali ikatunga sheria ya Baraza la Michezo la Taifa, yaani BMT, na toka hapo michezo yote ikawa na mzazi serikalini. Hili la mzazi mlishike, tutalirudia.

Sifa kubwa ya FAT ni moja. Agosti 1979 kule Ndola, Zambia, Peter Tino alifunga, mechi ikaisha 1-1, Taifa Stars ikafuzu Kombe la Mataifa ya Afrika la 1980 Lagos. Mjomba wangu aliisikiliza kwenye redio na mpaka leo ukimpa soda anaisimulia upya, kila mwaka goli linazidi kuwa zuri. Lagos tulifungwa na Nigeria 3-1, tukafungwa na Misri 2-1, tukatoka sare 1-1 na Ivory Coast. Nahodha alikuwa Leodegar Tenga. Halafu tukakaa miaka 39 bila kurudi. Mimi nilikuwa sekondari Machi 24, 2019, siku Msuva, Nyoni na Aggrey Morris walipoifunga Uganda 3-0, na niliona watu wazima wanalia barabarani. Mjomba naye alilia.

Sasa swali langu la semina likawa: miaka 39 ilikwenda wapi? Siwezi kusema yote iliibiwa, huo utakuwa uongo. Viwanja, makocha, umaskini, mambo ni mengi. Lakini chama chenyewe kwa muda mrefu kilikuwa nyumba ya ugomvi. Miaka ya mwisho ya FAT, chini ya Muhidin Ndolanga, ilijulikana zaidi kwa migogoro kuliko kwa mpira. Mwishoni mwa 2004 akachaguliwa Tenga, yule yule nahodha wa Lagos, jina likabadilika kuwa TFF. Akaja Marcio Maximo 2006, uwanja mpya wa watu 60,000 ukafunguliwa 2007, mwaka 2009 Stars ikacheza CHAN ya kwanza kule Ivory Coast. Watu wakaanza kufunga bendera kwenye magari. Tenga akaondoka 2013 bila kugombea tena.

Oktoba 2013 akachaguliwa Jamal Malinzi, kura 72 kwa 52 za Athumani Nyamlani. Hebu jumlisheni hizo kura. 124! Sensa ya 2012 ilitukuta watu milioni 44.9. Mchezo unaoliza nchi nzima, kiongozi wake anachaguliwa na watu wanaoweza kukaa kwenye ukumbi mmoja wa hoteli na chai ikawatosha. Sisemi wale waliopiga kura walinunuliwa, sina ushahidi. Nasema tu kwamba kura ikiwa chache, kila moja inajulikana jina na namba ya simu.

Juni 29, 2017 Malinzi na katibu mkuu wake, Celestine Mwesigwa, wakafikishwa Kisutu. Mashtaka yalizidi ishirini, kughushi na kutakatisha fedha. Kwa kuwa utakatishaji hauna dhamana, Malinzi alikaa ndani zaidi ya miaka miwili. Nilipoanza kusoma habari za kesi hii nilitegemea kukuta masanduku ya pesa, magari, labda nyumba za Dubai. Nikakuta risiti. Mashtaka mengi yalihusu risiti zilizoonyesha kwamba rais aliikopesha TFF fedha zake za mfukoni, kisha akarudishiwa. Upande wa mashtaka ulisema ni za kughushi. Yeye alisema alikopesha kweli.

Desemba 2019 hukumu ikatoka. Kwa hizo risiti mahakama haikumtia hatiani, utakatishaji nao haukusimama. Kilichobaki kikawaponza wote wawili ni kitu kimoja kidogo: muhtasari. Karatasi ya kikao cha kamati ya utendaji cha Juni 2016, iliyosema kamati imeamua kubadilisha mtu wa kusaini hundi za benki. Mahakama ikasema muhtasari huo umeghushiwa. Adhabu ya Malinzi: faini ya shilingi 500,000 au miaka miwili jela.

Nilisoma hapo mara tatu. Laki tano. Huyo ni mwanafunzi na bumu lake la kipindi kimoja, kama halijakatwa!

Lakini kadiri nilivyokaa na hilo jambo, ndivyo nilivyoona kwamba tunaangalia pasipo. Sisi tunauliza aliiba au hakuiba. Mahakama imeshasema lake na ni haki yake kusemwa hivyo hivyo, nisimwongezee mtu kosa ambalo hakutiwa nalo hatiani. Chukua basi neno lake kama lilivyo, kwamba aliikopesha TFF kweli. Je, hilo si tatizo lenyewe? Chama cha taifa hakina nauli ya timu, rais anaingiza mkono mfukoni, wote tunapiga makofi, "mzee kajitolea". Kesho pesa za FIFA au za mdhamini zikiingia, anajilipa. Nani anajua alitoa ngapi? Yeye na mhasibu wake. Mfuko wake na mfuko wa chama vimekuwa koti moja.

Na tabia hii haikuanza na yeye. Mpira wetu umelelewa na wafadhili. Simba ilipofika fainali ya Kombe la CAF 1993 na kufungwa na Stella Abidjan, nyuma yake alikuwepo Azim Dewji. (Samahani mwalimu, nimewataja.) Yanga nao walikuwa na Manji wao. Tulizoea kwamba klabu ni mtu mwenye pesa, na mwenye pesa haulizwi risiti, maana ukimuuliza atasusa na timu haitasafiri. Hapo ndipo nadhani ugonjwa ulipo, kuliko kwa mtu mmoja aliyesimama kizimbani. Tumeita ukarimu kitu ambacho kilitakiwa kuwa hesabu.

Angalia na la Michael Wambura. Alikuwa katibu mkuu wa FAT kabla ya Tenga. Agosti 2017 kule Dodoma, siku Wallace Karia alipochaguliwa rais, Wambura akachaguliwa makamu. Machi 2018 kamati ya maadili ya TFF ikamfungia maisha. Mwaka uliofuata akashtakiwa, na mojawapo ya mambo ni malipo ya deni la zamani, la enzi zile zile za FAT. Rais Magufuli alipotoa nafasi ya msamaha kwa watuhumiwa wa uhujumu uchumi Septemba 2019, Wambura akakubali kurejesha zaidi ya shilingi milioni 100. Yaani jina la chama lilibadilika, nembo ikabadilika, lakini karatasi ya deni la nyumba ya zamani ilihamia nyumba mpya pamoja na masufuria.

Kwenye semina mwenzangu mmoja akaniuliza, sasa kwa nini serikali isivunje tu chama na kuanza upya, si ndiyo mzazi? Nikamwambia waulize Wakenya. Novemba 2021 waziri wao, Amina Mohamed, alivunja uongozi wa FKF kwa tuhuma za matumizi mabaya ya fedha. Februari 2022 FIFA ikaifungia Kenya, Harambee Stars ikaondolewa kwenye kufuzu AFCON ya 2023, kufungiwa kukaisha Novemba 2022. Wachezaji ndio walioadhibiwa. Sisi 2017 ilikuwa njia nyingine: TAKUKURU ilikamata watu, haikugusa ofisi, makamu akakaimu, uchaguzi ukafanyika, FIFA ikanyamaza. Kwa hiyo mzazi anaruhusiwa kumpeleka mtoto polisi lakini haruhusiwi kumfukuza nyumbani. Darasa lilicheka, lakini ndivyo ilivyo.

Hiyo maana yake usafi hauwezi kutoka juu peke yake. Lazima atoke mtu mle mle ndani ya kikao, aseme hiki kikao hakikukaa. Na hao watu ni adimu. Kwa haki niseme, baada ya 2017 uwanjani tumeona nafuu, tumecheza AFCON ya 2019, ya 2023 na ya 2025. Lakini uchaguzi wa TFF wa 2021 Tanga, na wa 2025 hapo hapo Tanga, nafasi ya rais ilikuwa na jina moja tu. Simtuhumu mtu kwa wizi. Nauliza tu, mpinzani akikosekana, nani atakayeomba kuona daftari? Na 2027 AFCON imepangwa kufanyika kwetu, Kenya na Uganda. Pesa zitakazopita hapo ni nyingi kuliko zote tulizowahi kuziona.

Haya. Karatasi ya Jumanne.

Mimi ni mweka hazina wa timu yetu ya mpira, hii ya wanafunzi wa ualimu. Msinicheke. Tulichangishana shilingi 5,000 kila mtu, wakachanga watu 120, ikawa laki sita. Zikanunuliwa jezi 20 Kariakoo kwa 12,000 kila moja, nilikuwepo, nilibeba mfuko mwenyewe kwenye daladala. Hiyo ni 240,000. Sasa karatasi niliyoletewa ni muhtasari wa kikao, unasema kamati ilikaa tarehe 14 ikapitisha jezi 30 kwa 18,000. Hiyo ni 540,000. Waliohudhuria: jina la tatu ni langu. Tarehe 14 mimi nilikuwa Morogoro, tunamzika bibi.

Aliyeileta ni kaka wa mwaka wa mwisho. Mwaka wa kwanza nilikosa chumba, yeye ndiye aliyenibeba muhula mzima, tumelala kitanda kimoja cha futi mbili na nusu, miguu kwa kichwa. Akaniambia, "Tichaa, weka sahihi tu, ni utaratibu." Nikamwambia kaka, mbona jezi ni 20? Akakaa kitandani, akasema msimu uliopita nani alilipa nauli ya timu? Nani alinunua maji? Nani alimpeleka golikipa hospitali? "Mimi nimewakopesha nyie. Najirudishia changu."

Na jamani, nauli alilipa kweli. Nilikuwa ndani ya hiyo daladala.

Nikashindwa kujibu. Nikasema niachie mpaka kesho. Wiki nzima nilikuwa nimemhukumu mtu wa Kisutu kwa maneno makali kwenye daftari langu la semina, halafu mtu wangu mwenyewe kakaa kitandani kwangu na maneno yale yale, na safari hii nilitamani sana kusaini.

Sijasaini. Jana nimemfuata nikamwomba aniorodheshee safari zote alizolipa, tarehe na kiasi, hata kama ni kwa kukumbuka, ili timu ijue inadaiwa ngapi na imlipe kwa jina la deni. Akasema "sawa tichaa" bila kuniangalia. Usiku hakuja kula pamoja nasi kama kawaida.

Kikao cha kweli kitakuwa Ijumaa saa kumi jioni, pale chini ya mwembe, wachezaji wote waje, na waliochanga pia. Jezi nimezihesabu tena leo asubuhi. Ni 20, na moja imeshachanika kwapani.