Kabla ya kununua sensa ya manifoldi, pima kwanza

Taa ya injini ikiwaka, gari likanywa petroli kupita kiasi, likatoa moshi mweusi na kutetemeka likiwa limesimama, mafundi wengi hukimbilia kusema: nunua sensa. Mimi nasema pima kwanza.

Sensa ya manifoldi hupima mgandamizo wa hewa iendayo kwenye injini, na kompyuta ya gari hutumia kipimo hicho kukadiria petroli. Kodi P0106, P0107 na P0108 zaashiria hitilafu katika njia hiyo. Si lazima sensa yenyewe iwe imekufa.

Fungua swichi bila kupiga stata. Mombasa tuko usawa wa bahari, hivyo mashine isome karibu kilopaskali 100; Nairobi, kwa ule urefu wake, 83 ni sawa. Injini isiyo na turbo ikiwaka na kutulia, kipimo kishuke hadi kati ya 30 na 40. Kisiposhuka, tafuta mpira wa hewa uliopasuka au tundu lililoziba masizi. Kisha chomoa soketi uikague: hewa yetu ya chumvi hula pini. Waya mmoja uwe na volti 5, mwingine ni athi, na wa tatu ushuke kutoka karibu 4.5 hadi kati ya 1 na 2 injini ikinguruma.

Volti 5 zipo, athi ipo, mpira mzima, tundu safi, na bado kipimo hakisongi? Hapo badilisha sensa, ufute kodi. Pesa ya mwenye gari ni amana.