Matarajio yenye Msingi: Mkataba wa Mradi Unapokoma Chuoni

Katika mashauri ya watu walioajiriwa kwenye miradi ya vyuo vikuu, hoja moja hurudi kila mara: je, mfanyakazi alikuwa na haki ya kutegemea kwamba mkataba wake utaongezwa? Wanasheria hutumia maneno ya Kiingereza reasonable expectation. Kwa Kiswahili utasikia matarajio halali, matarajio ya haki, na mitaani matumaini tu. Mimi nashika matarajio yenye msingi, na sababu yake imo ndani ya sheria yenyewe.

Sheria ya Ajira na Mahusiano Kazini ya Tanzania, Namba 6 ya 2004, ilipotungwa ilitambua mikataba ya aina tatu: usio na ukomo, wa muda maalumu kwa wataalamu na viongozi, na wa kazi maalumu. Ajira za ruzuku huangukia zaidi aina ya pili. Chuo kinapata fedha za mfadhili za miaka mitatu au mitano, kinaajiri mratibu, wauguzi wa utafiti, watafiti wasaidizi na wakusanya takwimu, kisha kinawapa mkataba wa mwaka mmoja unaoongezwa mwaka hadi mwaka. Dar es Salaam imelea kazi za namna hii kwa miongo. Chuo Kikuu cha Afya na Sayansi Shirikishi Muhimbili kimefanya tafiti kubwa za VVU pamoja na watafiti wa Harvard na Dartmouth, na nyuma ya kila utafiti kuna watu wanaopanga chumba Tandika au Mbagala na kulipa ada za watoto kwa mshahara wa mradi.

Kifungu cha 36 kinasema kuachishwa kazi si kufukuzwa peke yake. Mwajiri akikataa kuongeza mkataba wa muda maalumu kwa masharti yale yale au yanayofanana nayo, huku mfanyakazi akiwa na matarajio yenye msingi, hilo nalo ni kuachishwa. Kanuni za Utendaji Bora, Tangazo la Serikali Namba 42 la 2007, zinafafanua katika kanuni ya 4: mkataba hukoma wenyewe tarehe yake ikifika, lakini anayedai matarajio anapaswa kuonyesha yanatokana na nini, mathalani kuongezewa mkataba huko nyuma au ahadi ya mwajiri.

Hapo ndipo neno matumaini linapompotosha mtu. Matumaini hukaa moyoni, wala hayadai ushahidi. Msingi ni kitu cha kumwekea mwamuzi mezani: mikataba ya awali, barua pepe ya mkuu wa mradi, bajeti iliyoidhinishwa ikitaja nafasi yako mwaka unaofuata. Neno halali nalo lina kasoro. Limeshazoeleka katika mashauri dhidi ya mamlaka za serikali, na humfanya msomaji adhani kinachoulizwa ni kama sheria inamruhusu kutarajia, ilhali kinachoulizwa ni ushahidi alionao.

Mahakama hazijawa laini katika jambo hili. Divisheni ya Kazi ya Mahakama Kuu, katika Marejeo Namba 154 ya 2010, ilisema kanuni za kuachishwa isivyo haki hazimgusi mwenye mkataba wa muda maalumu uliofika mwisho, isipokuwa kwa mlango huo wa kifungu cha 36. Kwa hiyo anayeingia na maneno matupu hutoka mikono mitupu.

Lakini kuna hali ya pili ambayo barua za waajiri huichanganya na ya kwanza, na mchanganyiko huo unaumiza watu. Tarehe 20 Januari 2025 Rais wa Marekani aliamuru misaada ya nje isimame kwa siku 90, na miradi mingi ikaagizwa kusitisha kazi. Pale mtu aliyebakiza miezi minane anapoandikiwa kwamba "mkataba umekoma kwa kukosa ufadhili", maneno hayo si sahihi. Mkataba huo haujakoma, umekatishwa. Kukatisha ajira kwa sababu ya fedha ni kupunguza wafanyakazi kwa mahitaji ya uendeshaji, na kifungu cha 38 kinamtaka mwajiri atoe taarifa, aeleze sababu, na ashauriane nao juu ya njia za kuepuka hatua hiyo, namna ya kuchagua wa kuondoka, na kiinua mgongo. Mfadhili si mwajiri. Jina lililoko kwenye mkataba ni la chuo, na wajibu ni wa chuo, hata pale mkataba unapotaja kwamba kazi itategemea upatikanaji wa fedha.

Nchini Uingereza, Mahakama ya Juu ilifika karibu na hoja hii mwaka 2015 katika shauri la Chuo Kikuu cha Stirling na chama cha wahadhiri. Ilisema mikataba ya muda inapoisha bila kuongezwa kwa sababu za mwajiri, wala si za mtu binafsi, huhesabiwa kuwa kupunguza wafanyakazi.

Lipo pia suala la mlango wa kuingilia, yaani wapi pa kufungua madai. Tume ya Usuluhishi na Uamuzi husajili mashauri ya kazi ya jiji la Dar es Salaam kwa maeneo. Ya Kinondoni hubeba herufi KIN, ya Temeke TEM. Aliyeajiriwa na chuo binafsi, kama Kairuki pale Mikocheni, huenda huko moja kwa moja. Wa chuo cha umma, kama Chuo Kikuu Kishiriki cha Elimu pale Chang'ombe, huulizwa kwanza kama ni mtumishi wa umma. Akiwa ndiye, kifungu cha 32A cha Sheria ya Utumishi wa Umma, kilichoingizwa mwaka 2016, kinamtaka amalize kwanza njia za rufaa za utumishi. Wapo waliopoteza miaka kwa kugonga mlango usio wao.

Kwa wanaokwenda Tume, madai ya kuachishwa isivyo haki hufunguliwa ndani ya siku 30 tangu ajira ilipokoma. Kama mkataba wako wa mradi unakaribia mwisho, mwandikie mwajiri mapema ukiuliza kama utaongezwa, na utunze jibu lake. Akikuahidi kwa mdomo, mwombe aiandike ahadi hiyo kabla tarehe haijafika.