Danzi ndiye mama

Nilipoacha chuo mwaka wa pili kwa kukosa karo, nilirudi Kilifi na daftari moja tu, la botania. Humo niliandika kwamba jenasi ya Citrus ina spishi 16. Rafiki yangu wa dawati aliandika 162, akakatwa alama. Jambo hilo lilinikaa rohoni, maana hakuwa amekosea.

Hesabu ya 16 ni ya Mmarekani Walter Swingle, aliyeichapisha 1943. Ya 162 ni ya Mjapani Tyozaburo Tanaka. Kabla yao Linnaeus, mwaka 1753, alibana zaidi: kwake limau lilikuwa namna tu ya sitroni, lile tunda kubwa la ganda nene.

Mbona watu wenye akili zao waachane hivyo? Shida iko kwenye mbegu. Mbegu nyingi za jamii hii huotesha mche kutoka kwenye mwili wa mama pekee, chavua ya baba isichangie kitu. Yaani chotara akishatokea mara moja, anajirudufu vilevile vizazi na vizazi, na anayempima anaona spishi kamili. Tanaka aliona miti isiyobadilika, akaipa kila mmoja jina. Swingle alikuwa mchavushaji, tangelo ni kazi ya mikono yake, kwa hivyo alijua chotara anavyopatikana. Lakini hata yeye aliyaacha limau, ndimu na chungwa yasimame kama spishi.

Jeni ndizo zilizofichua nasaba. Wazee wakuu ni watatu: sitroni, furungu na chenza la asili. (Ndimu ina mzazi wa nne, mmea wa Ufilipino.) Furungu na chenza wakazaa danzi. Danzi akachavushwa na sitroni, akazaa limau.

Hapo nilicheka peke yangu. Kwetu danzi ni tunda la kudharauliwa: chungu, la achari, watoto hulifanya mpira. Limau ndilo linalowekwa mezani mgeni akija.

Nikamwendea nyanya jikoni. "Nyanya, wajua danzi ndiye mama wa limau?"

Hakugeuka. Alichukua danzi, akalikwaruza ganda kwa ukucha, akaninusisha.

"Na hili nalo mpaka uende chuo, mjukuu wangu?"

Nilimtumia rafiki yangu ujumbe usiku huo. Aliuliza kama alama zake zitarudishwa.