Mtoto wa Dar es Salaam Katika Sinema za Hitler

Kwenye ghala la kituo cha kuchunguzia nyota, Bergedorf, Hamburg, Eva Knopf anaikuta sanamu iliyolazwa chini. Ni ya Hermann von Wissmann, aliyepata kuwa gavana wa koloni la Kijerumani Afrika Mashariki. Zamani ilisimama Dar es Salaam. Waingereza wakaing'oa, ikaishia mbele ya chuo kikuu Hamburg, mpaka wanafunzi walipoiangusha miaka ya 1960. Miguuni pa Wissmann yupo askari Mwafrika, kamwinulia bwana wake macho. Hana jina.

Filamu ya Knopf, mwongozaji wa Kijerumani, *Majubs Reise* (Safari ya Majub) ya mwaka 2013, inamtafutia askari wa namna hiyo jina na maisha.

Mahjub bin Adam Mohamed alizaliwa Dar es Salaam mwaka 1904, baba yake akiwa askari wa Kisudani wa jeshi la Wajerumani. Vita Kuu ya Kwanza ilipofika, naye akaingia jeshini angali mtoto. Mwaka 1929 akatokea Berlin kudai mishahara ya vita, yake na ya baba yake. Wizara ya Mambo ya Nje ikamwambia muda wa kudai umepita. Kumbe alipigana kwa mkopo usiolipwa!

Akabaki huko. Akawa mhudumu kwenye jumba la starehe la Haus Vaterland, akafundisha Kiswahili chuo kikuu, akaoa Mjerumani mwanzoni mwa 1933, siku chache tu kabla Hitler hajashika madaraka. Kwenye sinema aliitwa Mohamed Husen. Alicheza filamu zaidi ya 20: mpagazi, mtumishi, mbeba sinia anayepita nyuma ya nyota wa sinema Zarah Leander.

Hapo ndipo ulipo ustadi wa Knopf. Nyingi ya sinema hizo zilipigwa kuwatukuza wakoloni, naye hana vipande vingine. Anaviunganisha upya, jicho la mtazamaji liachane na nyota wa filamu na kumfuata aliye pembeni. Kwa maoni yangu hiyo inashinda mahojiano na maprofesa kumi.

Kazi kubwa ya mwisho ya Husen ilikuwa *Carl Peters* ya 1941, sinema ya kumsifu mkoloni ambaye wazee wetu walimwita Mkono wa Damu. Husen alikuwa Ramasan, mkalimani wake. Mwaka huohuo alikamatwa kwa sababu ya uhusiano na mwanamke mweupe, akapelekwa kambi ya mateso ya Sachsenhausen bila kesi. Alifia huko tarehe 24 Novemba 1944. Tangu 2007 kuna kibamba cha shaba chenye jina lake kando ya barabara ya Brunnenstraße, Berlin.

Walimu wa historia wa Dar es Salaam, itafuteni filamu hii muwaonyeshe wanafunzi wenu. Haifiki hata saa moja, na anayesimuliwa ni mtu wa mji wao.