Wasukuma toroli wa Ndia Kuu hawana majina

Ushawahi kuona zile klipu za zamani za Uingereza, hazina sauti, wafanyakazi wanamiminika kutoka kiwandani? Wengine wanaikodolea kamera macho, watoto wanarukaruka mbele yake, mtu anavua kofia. Mimi nikianza kuzitazama, silali.

Nyingi ni za Sagar Mitchell na James Kenyon wa Blackburn, kati ya 1900 na 1913. Ilikuwa biashara tu: unarekodi umati, halafu unauuzia tiketi uje ujione. Ndio maana walitaka nyuso nyingi iwezekanavyo. Mwaka 1994 kanda zao kama 800 zikapatikana kwenye chumba cha chini cha duka, zimetiwa ndani ya mapipa ya chuma.

Sasa njoo Mombasa, miaka ile ile. Reli ya Uganda imeshafika Kisumu tangu 1901. Hapa kisiwani kuna reli nyingine, nyembamba, inapita barabarani kabisa, Ndia Kuu pia. Juu yake kuna toroli: kiti, kijipaa cha kuzuia jua, mara nyingi mzungu amekaa, na nyuma wanaume wawili wanasukuma. Hakuna punda wala moshi. Injini ni wao.

Tunawaona kwenye postikadi. Mnunuzi alikuwa mgeni anayetuma salamu kwao, kwa hivyo zile nilizoziona mimi zimeandikwa jina la barabara, basi. Aprili 1909 Theodore Roosevelt, ametoka tu kwenye urais wa Marekani, akashuka Mombasa kwenda kuwinda. Cherry Kearton akamrekodi huko bara, filamu ikatoka 1910. Rais ana jina. Msukuma toroli hana.

Maoni yangu ni haya: kamera zilikuwa zile zile. Swali lilikuwa nani atakata tiketi. Mfanyakazi wa Blackburn alikuwa mteja, babu zetu walikuwa mandhari.

Leo sote tuna kamera mfukoni, na bado tunaupiga Mji wa Kale kama watalii: mlango wa nakshi, Fort Jesus, jua linazama. Muuza kahawa anapita nyuma kama pambo. Hebu wiki hii muombe ruhusa, mrekodi, andika jina lake na mtaa wake. Kisha rudi umuonyeshe, ajione.

Na kama kwenu kuna mzee aliyesimuliwa habari za toroli, muulize leo. Usingoje kesho.