Nani Mwenye Kuandika? Mgogoro wa Programu za Moduli za Magari nchini Marekani, 1981–2018

Insha hii inajadili namna mamlaka ya kubadilisha programu za moduli za udhibiti wa magari yalivyogombaniwa nchini Marekani. Hoja yake kuu ni kwamba sheria ilimwezesha fundi huru kusoma hitilafu mapema, lakini uwezo wa kuandika upya programu aliupata polepole na kwa masharti.

Mwaka 1981 General Motors ilieneza kompyuta ya kudhibiti mchanganyiko wa hewa na mafuta katika magari yake madogo ya petroli. Programu ilihifadhiwa ndani ya chipu. Kuibadilisha kulimaanisha kuichomoa na kupachika nyingine. Baadaye kumbukumbu inayofutika kwa umeme iliwezesha kazi hiyo kufanywa kwa waya, mradi fundi awe na programu ya mtengenezaji.

Marekebisho ya Sheria ya Hewa Safi ya 1990 yalilenga kupunguza moshi, si kumsaidia fundi. Hata hivyo, kuanzia magari ya toleo la 1996, soketi ya OBD-II iliyo sawa kwa kampuni zote ilimwezesha fundi kusoma misimbo ya hitilafu kwa kifaa kimoja. Kiwango cha J2534 kilifuata kwa upande wa kuandika, ila programu zenyewe zilibaki mikononi mwa watengenezaji. Ndiyo maana mwaka 2012 wapigakura wa Massachusetts waliamua kwamba fundi huru auziwe nyenzo zilezile wanazopewa mawakala wa kampuni.

Kizuizi kingine kilikuwa sheria ya hakimiliki ya 1998, iliyokataza kuvunja kufuli za kidijiti. Mwaka 2015 watengenezaji walipinga ruhusa ya kuzivunja. Shirika la Ulinzi wa Mazingira nalo liliipinga, likihofia ongezeko la moshi. Septemba mwaka huohuo, shirika hilohilo lilitangaza kwamba programu ya Volkswagen ilitambua gari linapopimwa na kupunguza moshi wakati huo tu. Oktoba ruhusa ilitolewa, lakini kwa mmiliki, si kwa fundi anayemlipa. Sharti hilo liliondolewa mwaka 2018.

Mfuatano huo unadhihirisha kwamba kufuli iliyotetewa kwa jina la hewa safi ilikuwa pia imeficha uchafuzi wa aliyeifunga. Kwa hiyo, suala la nani aandike programu ya gari haliwezi kutenganishwa na suala la nani aruhusiwe kuikagua.